Chungwa Moja kwa Shilingi 28,800: Kutafuta Chanzo cha Makosa katika Mafumbo ya Thamani ya Kimoja

Mwanafunzi mmoja wa darasa la saba, ambaye jioni humsaidia mama yake kuuza matunda gengeni, aliniletea daftari alimokuwa ameandika kwamba ikiwa machungwa 12 yanauzwa kwa shilingi 2,400, bei ya chungwa moja ni shilingi 28,800. Nililifunga daftari nikamwuliza kwa mdomo: mteja akilipa elfu mbili na mia nne kwa machungwa kumi na mawili, umemwuzia shilingi ngapi ngapi? Alijibu papo hapo, bila kalamu: "Mia mbili mbili, mwalimu."

Kugawanya, basi, alikuwa anajua, na hata dhana ya thamani ya kimoja alikuwa nayo, kwa sababu "mia mbili mbili" ni thamani ya kimoja iliyosemwa kwa Kiswahili cha sokoni. Kosa lake lilitokea kabla hajaanza kukokotoa. Katika mafumbo ya aina hii, yaani yale yanayotaka bei ya kilo moja, mwendo wa saa moja au kazi ya siku moja, hali huwa hivyo mara nyingi sana, na ndiyo maana kumpa mwanafunzi mazoezi zaidi ya kugawanya hakumsaidii. Kinachosaidia ni kulisoma jibu lenyewe kama fundi anavyousikiliza mlio wa injini: jibu hili limepatikana kwa njia gani, na njia hiyo imetokana na wazo gani? Dalili zinazofuata ndizo ninazokutana nazo zaidi kati ya darasa la sita na kidato cha pili, na chini ya kila dalili nimeeleza chanzo chake na namna ya kukithibitisha kabla ya kutoa tiba.

Dalili: amezidisha mahali pa kugawanya, na jibu ni kubwa kupita kiasi

Chanzo cha shilingi 28,800 kimo ndani ya lugha yenyewe. Neno "kwa" katika Kiswahili hubeba mizigo mingi: tunasema "zidisha 12 kwa 5", tunasema "gawanya 60 kwa 12", na tunasema "yanauzwa kwa shilingi 2,400". Mwanafunzi aliyezoea kuyapitisha macho maswali akitafuta namba na neno la kuziunganisha huona "12 … kwa … 2,400", akaisikia sauti ya mwalimu wa darasa la tatu, akazidisha. Hakusoma habari ya machungwa hata kidogo.

Ili kuthibitisha kwamba hicho ndicho chanzo, mpe swali lilelile bila neno "kwa": "Mama aliuza machungwa 12 akapata shilingi 2,400. Machungwa yote yana bei sawa. Kila chungwa aliuza shilingi ngapi?" Akilipata, tatizo ni neno, wala si hisabati. Tiba ni kumzoesha kuandika, kabla ya mkokotoo wowote, sentensi moja fupi inayoanza na "kila", na kuacha nafasi tupu mahali pa jibu: "Kila chungwa ni shilingi ___." Baada ya hapo ajaze kwa kukisia, hata kama kisio ni baya. Mtoto anayejua bei za gengeni hawezi kuandika elfu ishirini na nane katika nafasi hiyo bila mkono wake kusita.

Ninapenda pia kutumia njia ya kurudia neno ambayo lugha yetu inayo tayari. "Machungwa matatu kwa mia tano" na "machungwa mia tano mia tano" ni habari mbili tofauti kabisa, na hakuna muuzaji wala mnunuzi anayezichanganya: ya kwanza inataja kundi na bei ya kundi, ya pili inataja bei ya kila moja. Mwanafunzi akiambiwa kwamba swali linatoa habari ya aina ya kwanza na linataka habari ya aina ya pili, ameshaelewa kazi yote ya mada hii. Nchini Tanzania jambo hili lina uzito wa ziada katika kidato cha kwanza, lugha ya kufundishia inapobadilika kuwa Kiingereza, kwani mwanafunzi hupoteza ghafla zile ishara alizozitegemea. Nashauri asimulie kwanza fumbo kwa Kiswahili, hata kwa kunong'ona, kisha ndipo aandike hatua zake kwa lugha ya mtihani.

Dalili: siku zote anagawanya namba kubwa kwa namba ndogo

Dalili hii hujificha kwa muda mrefu, na sisi walimu ndio tunaoificha. Maswali mengi tunayotunga ni ya bei, na kwa shilingi zetu bei karibu kila mara ni namba kubwa kuliko idadi ya vitu. Mchele kilo 8 kwa shilingi 22,400 hutoa 2,800 kwa kilo, na mwanafunzi anayeamini kwamba "kubwa hugawanywa kwa ndogo" hupata vema zote mwaka mzima bila kuelewa chochote. Imani hiyo aliipata madarasa ya chini, ambako kila alipogawanya, namba kubwa ilikuja kwanza.

Mpe swali hili: "Fundi ametumia mita 3 za kitambaa kushona vitambaa 5 vya mezani vinavyolingana. Kila kimoja kimetumia mita ngapi?" Akijibu 1.67, umeipata dalili. Usimwambie tu kwamba ageuze. Mwulize: kama kila kimoja kingetumia mita moja tu, zingehitajika mita ngapi kwa vitano? Tano. Fundi alikuwa na ngapi? Tatu. Basi kila kimoja kimepata zaidi ya mita moja au pungufu ya mita moja? Akishasema "pungufu", 1.67 imekataliwa na yeye mwenyewe, na jibu la mita 0.6, yaani sentimita 60, litakuwa na mahali pa kukaa.

Kanuni anayopaswa kuondoka nayo ni hii: kile kinachotakiwa kiwe kimoja ndicho kigawanyo. Ukitaka mita kwa kila kitambaa, gawanya kwa idadi ya vitambaa. Ukitaka vitambaa kwa kila mita, gawanya kwa mita. Migawanyo yote miwili ni halali, na majibu yote mawili ni thamani za kimoja, ila yanajibu maswali tofauti. Mfano ninaouamini kuliko yote ni wa mbio ndefu. Tarehe 8 Oktoba 2023, mjini Chicago, Kelvin Kiptum wa Kenya alikimbia marathoni ya kilomita 42.195 kwa saa 2, dakika 0 na sekunde 35, ambazo ni sekunde 7,235. Ukigawanya muda kwa umbali unapata takriban sekunde 171.5 kwa kila kilomita, yaani dakika 2 na sekunde 51.5; ukigawanya umbali kwa muda na kuupeleka kwenye saa unapata karibu kilomita 21 kwa kila saa. Wakimbiaji na makocha husema ile ya kwanza, dereva husema ile ya pili. Katika ya kwanza namba ikipungua mtu ameongeza kasi, katika ya pili namba ikipungua mtu amepunguza kasi, na mwanafunzi akiweza kueleza kwa nini, hatarudi tena kwenye "kubwa kwa ndogo".

Dalili: amejumlisha tofauti badala ya kuzidisha

Hili ndilo kosa ninalolitendea kwa uangalifu mkubwa kuliko mengine, kwa sababu ndani yake mna fikra nzuri iliyotumika mahali pasipo pake. Swali: "Vikombe 3 vya juisi ya ukwaju vinahitaji vijiko 5 vya sukari. Vikombe 12 vinahitaji vijiko vingapi ili utamu ubaki uleule?" Mwanafunzi anajibu 14. Amefikiri hivi: sukari imezidi vikombe kwa 2, basi hata huku izidi kwa 2. Wengine hufika palepale kwa njia nyingine, wakisema vikombe vimeongezeka 9, basi na vijiko viongezeke 9.

Kumwambia "hapa tunazidisha" ni kumpa amri asiyoielewa, na kesho ataisahau. Afadhali umruhusu aiendeleze kanuni yake mwenyewe hadi imshinde. Chora jedwali na umwombe arudi nyuma: kwa kanuni yako, vikombe 2 vina vijiko vingapi? Vinne. Kikombe 1? Vitatu. Vikombe sifuri? Anasita, kisha anasema viwili. Yaani kwenye jagi tupu, ambalo halijatiwa tone la juisi, tayari mna vijiko viwili vya sukari. Sijaona mwanafunzi asiyetambua hapo kwamba kuna jambo limeharibika. Sasa mwulize kikombe kimoja kinastahili sukari kiasi gani, akigawanya 5 kwa 3 atapata kijiko kimoja na theluthi mbili, na vikombe 12 vitapata vijiko 20.

Usiishie hapo, kwani anaweza kuhitimisha kwamba kujumlisha ni kosa siku zote. Mpe fumbo jingine lenye namba zilezile: "Mwajuma ana miaka 3 na kaka yake ana miaka 5. Mwajuma atakapofikisha miaka 12, kaka yake atakuwa na miaka mingapi?" Hapa jibu ni 14, na atakayesema 20 ndiye aliyekosea. Namba 3, 5 na 12 ni zilezile, lakini umri hukua kwa kuongeza na utamu hutunzwa kwa kuzidisha. Ayaweke maswali hayo mawili ubavu kwa ubavu kwenye ukurasa mmoja na aandike kwa maneno yake kinachoyatofautisha. Maneno yake yakiwa hafifu, mwachie muda. Somo hili haliivi kwa kipindi kimoja.

Dalili: maswali ya mwendo yanakataa, ya bei yanakubali

Mwanafunzi anayepata bei za kilo na mita bila shida, kisha akakosea kila penye saa na dakika, hana tatizo la thamani ya kimoja. Tatizo lake ni muda, nalo lina vyanzo viwili vinavyopaswa kutenganishwa.

Cha kwanza ni kuandika dakika kama desimali. Tarehe 2 Februari 1974, katika Michezo ya Jumuiya ya Madola mjini Christchurch, Filbert Bayi wa Tanzania aliweka rekodi ya dunia ya mita 1,500 kwa dakika 3 na sekunde 32.2. Mwambie mwanafunzi atafute Bayi alikimbia mita ngapi kwa kila dakika. Akigawanya 1,500 kwa 3.32 atapata karibu mita 452, na jibu hilo linaonekana zuri kabisa, ndiyo maana ni hatari. Lakini sekunde 32 ni zaidi ya nusu ya dakika, si theluthi yake. Muda halisi ni sekunde 212.2, kasi ni karibu mita 7.07 kwa sekunde, na kwa dakika ni mita 424. Kila atakapoona saa, dakika na sekunde pamoja, azigeuze zote ziwe kizio kimoja kabla hajagusa mgawanyo.

Chanzo cha pili ni chetu sisi tunaohesabu saa kuanzia macheo. "Basi liliondoka Dar es Salaam saa 12:30 asubuhi, likafika Morogoro, takriban kilomita 190, saa 4:00 asubuhi. Tafuta wastani wa mwendokasi wake." Mwanafunzi anaona 12:30 na 4:00, anatoa ndogo kwenye kubwa, anapata 8:30, na basi lake linakwenda kilomita 22 kwa saa, mwendo ambao mwendesha baiskeli mzuri angeushinda. Tiba ni rahisi: katika saa ya Kiswahili, saa 12 ya asubuhi ni mwanzo wa kuhesabu mchana, kwa hiyo ihesabiwe kama sifuri, na vivyo hivyo saa 12 ya jioni kwa usiku. Kutoka 0:30 hadi 4:00 ni saa 3 na dakika 30. Hapo chanzo cha kwanza hurudi kuvizia, kwani atakayegawanya 190 kwa 3.30 badala ya 3.5 atapata 57.6 badala ya takriban kilomita 54.3 kwa saa. Safari inayovuka jioni, mathalani kutoka saa 11 jioni hadi saa 2 usiku, ihesabiwe kwa vipande viwili: saa moja hadi saa 12, kisha saa mbili.

Dalili: mgawanyo ni sahihi, lakini ulinganisho wa bei ni wa uongo

Sukari ya gramu 500 inauzwa shilingi 1,600 na mfuko wa kilo 2 unauzwa shilingi 5,800. Mwanafunzi anaandika kwamba mfuko mdogo ni nafuu kwa sababu 1,600 ÷ 500 ni 3.2, ilhali 5,800 ÷ 2 ni 2,900. Amelinganisha shilingi kwa gramu na shilingi kwa kilo. Akiandika vizio pembeni ya kila namba, tangu mstari wa kwanza hadi jibu, ataona mwenyewe kwamba vitu hivyo havilinganishiki, na kwamba sukari ya mfuko mdogo kwa kweli ni 3,200 kwa kilo.

Hapa pana fumbo moja ambalo kila mtoto wa mkulima anapaswa kulifanya. Gunia, debe na sado ni vyombo, na chombo huwa kizio tu pale kila mtu anapokijaza kwa kiasi kilekile. Wakala wa Vipimo wa Tanzania umekuwa ukiipiga vita lumbesa, yaani gunia lililoongezewa kichwa juu ya mdomo wake, na hesabu inaonyesha kwa nini. Tuseme viazi vinauzwa shilingi 70,000 kwa gunia la kilo 100. Mnunuzi anamwambia mkulima: nijazie lumbesa, nitakuongezea, nikupe 78,000. Lumbesa hiyo ikipimwa ina kilo 130. Gunia la kwanza lilimpa mkulima shilingi 700 kwa kilo, na la pili linampa 600. Anadhani ameongezewa 8,000, kumbe kwa bei ya awali kilo 130 zingemletea 91,000, naye amepoteza 13,000 kwa kila gunia analopakia. Hakuna hatua ya mkokotoo huo inayomshinda mwanafunzi wa darasa la sita.

Dalili ndogo mbili

Yupo anayepata bei ya kimoja na kuweka kalamu chini, wakati swali liliuliza bei ya vitano. Huyo hakusahau hesabu, bali alisahau swali. Apigie mstari sentensi yenye alama ya kuuliza kabla ya kuanza, na airudie kabla ya kumaliza. Na yupo anayekadiria mapema mno: machungwa matatu kwa shilingi 1,000 ni 333 kila moja, basi 12 ni 3,996. Abakize sehemu, 1,000/3, mpaka hatua ya mwisho, na atapata 4,000.

Dalili: wastani wa mwendo umechukuliwa katikati ya namba mbili

Gari linakwenda kilomita 120 kwa mwendo wa kilomita 60 kwa saa, linarudi njia hiyohiyo kwa kilomita 40 kwa saa, na jibu la mwanafunzi kwa wastani wa safari nzima ni 50. Amechukulia kwamba kila mwendo ulidumu muda sawa. Kwenda kumechukua saa 2 na kurudi saa 3, kwa hiyo kilomita 240 zimetumia saa 5, na wastani ni 48. Thamani za kimoja hazijumlishwi zenyewe kwa zenyewe. Rudi kwenye jumla ya umbali na jumla ya muda, kisha ugawanye mara moja.

Dalili: watu wakiongezeka, siku nazo zinaongezeka

"Watu 6 hulima shamba kwa siku 10. Watu 15 watalilima kwa siku ngapi, wote wakifanya kazi sawa?" Jibu lililoletwa ni 25. Njia iliyotumika ni ile tuliyoifundisha wenyewe: gawanya upate ya mmoja, kisha zidisha. Mwanafunzi ameifuata kwa uaminifu, na imempeleka pabaya kwa sababu mtu mmoja peke yake hawezi kumaliza shamba zima kwa siku moja na theluthi mbili.

Tiba haihitaji kuiacha njia ya kimoja. Mwulize kwa makini: mtu mmoja akiachiwa shamba hilo peke yake, atachukua muda mrefu zaidi ya siku 10 au mfupi zaidi? Mrefu zaidi, mara sita. Basi ya mmoja ni siku 60, na wakija 15 wakazigawana, zinakuwa siku 4. Kwa nusu dakika kabla ya kukokotoa, kila fumbo la vitu viwili lipimwe kwa swali hili: kimoja kikiwa maradufu, kingine kinakuwa maradufu, kinakuwa nusu, au hakijali? Sufuria moja ya mayai 3 ikichemka kwa dakika 10, mayai 6 katika sufuria hiyohiyo hayahitaji dakika 20.

Ikiwa jibu halifanani na dalili yoyote kati ya hizi, liweke kando, funika namba zote za swali kwa kipande cha karatasi, na umwombe mwanafunzi alisimulie fumbo bila namba: nani alikuwa na nini, nini kilibadilika, na anatafuta nini kwa kila nini. Mahali atakaponyamaza ndipo pa kuanzia.